Zawadi Ya Stalin Ilikuwa Jasho La Watu

Ukisema fasihi ya Urusi, watu wengi hukumbuka tu vile vitabu vinene vya Tolstoy na Dostoevsky. Lakini kuna mwanahistoria wa Marekani, Jeffrey Brooks wa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins, ambaye alisoma kile wasomi walikuwa wanadharau: vijitabu vya bei rahisi. Vitabu vyake viwili vina somo letu sisi vijana.

Cha kwanza, When Russia Learned to Read, kilitoka 1985. Stori inaanza 1861, wakati Tsar Alexander II alivunja mfumo uliowafunga wakulima kwenye mashamba ya mabwana. Watu wakaanza kujifunza kusoma. Sensa ya 1897 ilionyesha kama mtu 1 kati ya 5 anajua kusoma. Ni wachache, sawa, lakini walikuwa wanaongezeka, na hawakutaka mahubiri. Walitaka hadithi za majambazi wa msituni, mapenzi, wapelelezi, na watu waliotoka chini wakaomoka. Wachuuzi walizunguka vijijini na hivyo vijitabu, na mchapishaji Ivan Sytin, mwenyewe kutoka familia ya wakulima, alitajirika navyo.

Wasomi walikasirika. Kwao hizo zilikuwa takataka. Si unaijua hiyo sauti? Ni ile ile inayosema kila kitu vijana wanapenda ni upuzi. Brooks alisoma hizo "takataka" polepole akapata swali zito ndani yake: mtu wa kawaida anaweza kujiamulia maisha yake?

Sisemi vijitabu vyote vilikuwa dhahabu. Vingi vilikuwa vibovu kabisa. Lakini kitabu kibovu unakitupa, unanunua kingine. Wewe ndio mteja.

Halafu ikaja 1917. Bolsheviks wakachukua serikali, wakafunga magazeti ya wapinzani, na baadaye wakataifisha viwanda vya uchapishaji, hata vya Sytin. Mteja akaisha hapo. Msomaji sasa analetewa kile chama kimeamua, apende asipende.

Hapo ndipo kitabu cha pili kinaingia, Thank You, Comrade Stalin!, cha mwaka 2000. Brooks alipitia magazeti ya Kisovieti, hasa Pravda, na akaona mchezo uleule ukirudiwa. Mazuri yote ya maisha, hadi utoto wenye furaha, yaliandikwa kama zawadi ya Stalin. Mfanyakazi anatoa jasho, kisha anaambiwa yeye ndiye ana deni. Na njaa ya 1932 na 1933 ilipoua mamilioni ya watu, magazeti hayo hayakuwaambia wasomaji ukweli.

Hebu fikiria hiyo hesabu. Mazuri ni ya kiongozi, mabaya hayaandikwi. Ukishazoea kushukuru hivyo, unasahau kuuliza, kwa sababu nani humuuliza maswali mtu aliyempa zawadi?

Kwangu mimi, hatari kubwa haikuwa watu kusoma hadithi za majambazi. Hatari ilikuwa kubaki na sauti moja tu ya kusoma. Kwa hivyo siku utaambiwa useme asante kwa barabara iliyojengwa na kodi yako, jiulize kwanza: nani hasa anafaa kumshukuru mwenzake?