Wakayapo na kamera yao

Siye tunasema utamaduni unachungwa na mdomo wa wazee. Ni kweli. Lakini wako watu wa mto Xingu, inchi ya Brazili, walioongeza kitu kingine juu ya mdomo: kamera.

Mwaka 1985 watengeneza filmu kutoka Rio de Janeiro walipeleka mashini ya video kwa Wakayapo na kufundisha vijana wao. Katika luga yao neno mekaron ni sura ya mtu, tena ni roho yake, hata ya marehemu. (Kwetu pia wako wazee wanaokataa kupigwa foto, sivyo?) Hata hivyo walikubali. Walifilmu ngoma na sherehe za kuwapa watoto majina, kwa urefu wote, na marudio yake yote, kwa sababu kwao sherehe iliyokatwa-katwa si sherehe.

Kisha wakaona faida nyingine. Wakubwa wa serikali walisema hivi leo, kesho wanasahau. Njo maana Wakayapo walipokwenda Brasília walibeba kamera, wakanasa maneno ya wakubwa ndani ya kaseti. Mtu hawezi kuruka ahadi yake kama sauti yake mwenyewe inaisema.

Mwezi wa pili 1989 walikusanyika Altamira pamoja na makabila mengine, kukataa barraje iliyoitwa Kararaô. Binti mmoja, Tuíra, aligusisha ubapa wa panga kwenye mashavu ya injinia wa kampuni ya umeme. Ile sura ilizunguka dunia. Wakayapo walikuwa wakifilmu, na wanahabari wa kigeni waliwafilmu wao wakifilmu! Banki ya Dunia haikutoa ule mkopo, mpango ukawekwa kando.

Kwa Wanambikwara mambo yalikuwa ya ndani zaidi. Vincent Carelli, aliyeanzisha kazi ya Vídeo nas Aldeias, aliwafilmu katika sherehe ya binti kuvunja ungo, halafu akawaonyesha. Hawakufurahi: tumevaa nguo za kizungu mno! Wakaifanya upya, na mapambo ya zamani. Kisha wakarudisha desturi ya kutoboa pua na mdomo wa vijana, ambayo ilikuwa imeachwa miaka mingi. Kwa hiyo filmu haikuchunga tu kilichokuwako, iliamsha kilicholala.

Siye hatukuanza hivyo. Wakati wa Wabelgiji kamera ilikuwa mikononi mwa mapadri na serikali. Wazee wanakumbuka Matamata na Pilipili ya Padri Van Haelst, walicheka sana. Lakini aliyechagua cha kuonyesha hakuwa mtu wetu, na mikanda mingi ya nyakati zile iko Ubelgiji mpaka leo.

Tusidanganyane, kamera haikushinda yote. Barraje ilirudi na jina lingine, Belo Monte: kazi ilianza 2011, umeme ukatoka 2016. Ziwa lake ni dogo kuliko lile la mpango wa zamani, na zaidi ya miaka 20 ilikuwa imepita mto ukienda wazi. Tuíra alifariki mwaka 2024.