Jamaa akichukuliwa na asijulikane aliko: ombi la habeas corpus

Habeas corpus ni maneno ya Kilatini. Mahakamani maana yake ni kuwa jaji anamwamuru anayemzuilia mtu amlete mbele yake, na aeleze amemzuilia kwa sheria gani. Katiba ya 2010, kifungu cha 25, imeiweka haki hii pamoja na ile ya kutoteswa. Haipunguzwi, hata tuhuma ikiwa ya ugaidi.

Sisi wa Pwani tumeijua kwa machungu. Mohammed Abdulmalik alikamatwa Mombasa Februari 2007. Machi akawa yuko Guantanamo, akakaa huko karibu miaka 18 bila ya kushtakiwa, hadi Desemba 2024. Jamaa zake walikwenda Mahakama Kuu, lakini mtu alikuwa ameshavushwa bahari. 2010, baada ya mabomu ya Kampala, Mahakama Kuu ilisema wazi kuwa kumpeleka mshukiwa mmoja Uganda kulivunja sheria, ila mwenyewe alikuwa ng'ambo ya mpaka, amri haimfikii. Ndiyo maana kesi hii ni ya kukimbilia.

Nani anaweza kwenda? Yeyote, na kifungu cha 22 kinasema hakuna ada ya kufungua. Tuseme kijana wa Likoni yuko Lubao, soko la njia ya Kakamega kwenda Webuye, lile maarufu kwa kuuza mbwa. Watu wasio na sare wamtia garini. Mamake hana haja ya kupanda basi kwanza. Jirani wa huko Lubao anaweza kuapa hati ya kiapo, na ombi likaingia Mahakama Kuu ya Kakamega siku hiyo hiyo. Msiende kwa hakimu. Amri hii hutolewa na Mahakama Kuu.

Polisi wakijibu "hatunaye", kazi inaanza. Mleta ombi ndiye wa kuonyesha kwanza kuwa mtu yuko mikononi mwao, na maombi mengi hufia hapo. Basi pigeni ripoti kituoni mpewe nambari ya OB. Andikeni namba ya gari, saa, nguo alizovaa, na nani aliona. Kamera ya duka ombeni picha zake mapema, kabla hazijafutika. Wengi wetu hutangulia kumtafuta mkubwa wa kuzungumza naye, wiki ikapita.

Sheria inataka mshukiwa afikishwe kortini ndani ya saa 24, au siku ya kazi inayofuata. Anayekamatwa Ijumaa jioni, basi, huweza kulala ndani hadi Jumatatu kihalali. Na ikiwa mahakama imeshatoa ruhusa azuiliwe, kama sheria ya ugaidi inavyokubali hadi siku 90, habeas corpus haitasaidia; hapo piganieni dhamana.

Amri ikipuuzwa, rudini kwa jaji. Septemba 2024 Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kaimu Inspekta Jenerali, Gilbert Masengeli, miezi sita kwa kutofika kueleza waliko watu watatu waliochukuliwa Kitengela. Wiki moja baadaye walipatikana, wako hai.