Kujifunza kuoka biskuti za Idi ukiwa safarini Malindi na Kilifi

Msomaji, ukipita mitaa ya Shela mjini Malindi kumi la mwisho la Ramadhani, utajua kwa pua kuwa Idi imekaribia. Harufu ya iliki na samli hutoka madirishani tangu alasiri. Ndani mna wanawake wanaooka biskuti za kupelekea majirani, na wengine wanaoka za watu waliotoa oda.

Miaka hii wapo wanaosafiri kuja kujifunza kazi hiyo. Baadhi ni wageni wa hotelini. Wengi zaidi ni watoto wetu wenyewe waliokulia Nairobi, Maskati, Dubai au Uingereza, ambao bibi zao walioka na mama zao wakanunua za dukani. Makala hii ni mwongozo kwa yeyote anayetaka somo hilo, na pia kwa mama anayeombwa kulifundisha na hajui aanzie wapi.

Biskuti zenyewe

Tukisema biskuti za Idi hapa pwani, tuna maana ya vitu kadhaa. Vileja ni vya unga wa mchele, samli, sukari, mayai na iliki. Huwa vyeupe juu, vina nyufa, na huvunjika mdomoni kama mchanga mkavu. Nankhatai ni za unga wa ngano, na juu yake huwekwa korosho au lozi. Zilikuja na jamaa zetu wa Kihindi, na neno "nan" ni mkate kwa Kiajemi. Biskuti za mashine hupitishwa katika mashine ya kusagia nyama iliyofungwa kibati chenye tundu la nakshi, zikatoka ndefu, zikakatwa. Visheti huwekwa sinia moja na hizi, lakini vyenyewe hukaangwa na kuvikwa sukari, kwa hivyo si biskuti.

Desturi ya kuoka kwa ajili ya Idi si yetu peke yetu. Misri wana kahk, Sham wana maamul, Iraki wana kleicha ya tende, na Qassim kule Saudia wana kleija, jina ambalo sikio la Mswahili halilipiti hivi hivi. Chetu ni mchele. Penye ngano wao, sisi tulitia unga wa mchele.

Uende lini

Hapa ndipo wageni wengi hukosea. Huja siku tatu kabla ya Idi wakitaka kufundishwa. Siku hizo mwalimu ana oda za watu, ana futari ya kupika, ana watoto wa kushonewa nguo. Ukimwomba somo wakati huo, hataki kukuvunja moyo, atakubali, na wewe utaketi pembeni ukitazama mikono inayokwenda mbio.

Wakati mzuri ni Shaabani, au kumi la kwanza la Ramadhani kabla oda hazijajaa. Baada ya Idi pia ni sawa, kwani harusi huanza na biskuti huokwa tena. Kumbuka Idi hurudi nyuma kwa siku kama 10 au 11 kila mwaka wa kizungu, kwa hivyo usipange safari kwa tarehe ya mwaka jana. Mwaka 2030 Ramadhani itaanza mara mbili, Januari na tena Desemba.

Kama huna budi kwenda kumi la mwisho, nenda kama msaidizi. Sema hivyo tangu mwanzo: "Nimekuja kusaidia, kufundishwa baadaye." Utavunja mayai, utachekecha unga, utasugua trei. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Jembe la siku hizo ni chekecheke, na aliyelishika hujifunza zaidi ya aliyelipa akakaa kitini.

Kumpata mwalimu

Malindi iko kilomita 120 hivi kaskazini mwa Mombasa, na Kilifi iko katikati ya njia hiyo. Matatu hupita siku nzima. Ukitaka nyumba za Waswahili wa tangu zamani, ulizia Shela ya Malindi, Mambrui upande wa kaskazini, na Takaungu upande wa kusini wa mji wa Kilifi, walikohamia baadhi ya Wamazrui baada ya kuondolewa Mombasa mwaka 1837.

Usitafute kibao cha "chuo cha mapishi". Waokaji wengi hufanya kazi nyumbani. Uliza dukani panapouzwa samli na iliki, maana mwenye duka anajua nani hununua samli kwa ndoo. Uliza msikitini kupitia wake wa jamaa, au muulize mwenyeji wako. Ukifika, piga hodi na ungoje. Mkubwa umwamkie shikamoo kabla ya kutaja shida yako. Mwanamume anayetaka kujifunza apelekwe na dada, mke au mama wa mtaani, na akubali kufundishwa uani au penginepo mwenye nyumba atakapochagua.

Malipo

Jambo hili hutuonea haya, na kwa sababu ya haya wanawake wetu wamefundisha bure miaka mingi huku mwanafunzi akienda kufungua biashara yake. Somo ni kazi. Ukitaka kujua kiasi cha haki, hesabu mambo manne: vitu vitakavyotumika, mkaa au gesi, saa atakazokaa nawe, na oda atakazoziacha ili akufundishe. Hilo la nne ndilo husahauliwa. Kama asubuhi moja huoka kilo kadhaa za kuuza, faida ya kilo hizo ni sehemu ya ada yako.

Kubalianeni kabla ya moto kuwashwa. Semeni pia mambo mawili mengine. Kwanza, biskuti zitakazotoka ni za nani. Pili, je, unaweza kuuza kwa upishi huo? Wako wanaoruhusu popote isipokuwa mji ule ule. Ni sharti la haki, lishike. Na mama anayefundisha mara kwa mara au kuuza kwa wingi, ajipatie cheti cha afya cha mshika chakula na leseni ya kaunti mapema, asije akasumbuliwa msimu wa Idi.

Picha ziombwe. Mikono na trei mara nyingi huruhusiwa, lakini uso wa mtu ndani ya nyumba yake si wa kuweka mtandaoni bila idhini.

Siku ya somo

Chukua daftari, kalamu na mizani ndogo ya jikoni. Mizani ndiyo muhimu kuliko vyote. Mwalimu wako hatasema gramu. Atasema "vikombe viwili", na kikombe ni kile chake cha bluu kilichovunjika mkono, alichorithi kwa mamake. Ukiandika "vikombe viwili" na kurudi nyumbani na kikombe chako, vileja vitakataa. Kila anapotia kitu, omba upime kwanza, kisha uandike. Mwishoni mwachie nakala. Wengi wao hawajawahi kuona upishi wao ukiwa umeandikwa, na siku kikombe kile kitakapopotea, binti zake watakuwa na pa kushika.

Kama ni Ramadhani, utaona jambo la ajabu kidogo: mwalimu anapika bila kuonja. Anakwenda kwa harufu, kwa uzito wa donge kiganjani, na kwa sauti ya biskuti akiigonga kwa ukucha. Muulize anatazama nini, usimuulize ni dakika ngapi.

Vipimo vya kuanzia

Hivi ni vipimo vya vileja kwa anayetaka kujaribu kabla ya kusafiri. Unga wa mchele gramu 500, samli gramu 250, sukari laini gramu 200, viini vya mayai 3, bekingi pauda nusu kijiko cha chai, na iliki iliyotwangwa kijiko kimoja cha chai.

Piga samli na sukari mpaka ziwe nyeupe. Tia viini kimoja kimoja, kisha iliki. Changanya unga na bekingi pauda, utie kidogo kidogo. Donge likubali kufinyangwa bila kunata wala kumeguka. Likimeguka, ongeza samli kijiko kimoja, usitie maji. Unga wa mchele hauna ule mnato wa ngano, kwa hivyo kuukanda sana hakusaidii. Kinachoushika ni samli na yai.

Funika donge kwa nusu saa. Finyanga vidonge vya ukubwa wa ndimu ndogo, bonyeza kidogo, na uoke kwa nyuzi 160 kwa dakika 20 hadi 25. Utapata kama 40. Chini viwe na rangi ya dhahabu hafifu, juu vibaki vyeupe. Usiviguse vikiwa vya moto, vitavunjika vyote. Viache vipoe kwenye trei.

Moto wa juu na wa chini

Ukiwa na bahati, utafundishwa kwa makaa. Sufuria kubwa hutiwa mchanga mkavu chini, ikawekwa juu ya seredani, trei ikakaa juu ya mchanga, na kifuniko kikapaliwa makaa. Siri ni moto mdogo chini na mwingi juu, kwa sababu chini mchanga huhifadhi joto na huendelea kuoka hata makaa yakififia. Anayeanza huweka moto mwingi chini, akapata biskuti nyeusi tumboni na mbichi usoni.

Fanyeni kazi hii uani au barazani. Makaa ndani ya chumba kilichofungwa hutoa hewa ya sumu isiyo na harufu, na watu wamekufa kwayo.

Kurudi nazo

Biskuti zikipoa kabisa, zitie kwenye kopo lenye kifuniko cha kubana, na karatasi kati ya safu na safu. Ukizifunga zikiwa na joto, mvuke utazilainisha. Za unga wa mchele huvunjika kwa urahisi kuliko nankhatai, kwa hivyo kwa safari ndefu beba nankhatai, na vileja uvile Malindi. Nunua pia korosho ukiwa Kilifi, maana ni nchi ya mikorosho.

Ukishaoka mwenyewe nyumbani kwako, fanya jambo moja. Zile za mkono wa kwanza zilizotoka sawa, zitie sahani, zifunike kwa kawa, umpelekee jirani kabla hujala. Na kama mwalimu wako ana simu, mpigie umweleze zilivyotoka. Atakuuliza chini zilikuwa na rangi gani. Mjibu kweli, hata kama ziliungua, ndipo naye atakurekebisha.