Ndege za kivita zilizofika Mocímboa da Praia mwaka 1917

Miaka 14 tu baada ya ndugu Wright wa Marekani kuruka kwa mara ya kwanza kwa ndege yenye injini, mji wa Mocímboa da Praia, kaskazini mwa Cabo Delgado, ulipokea kikosi cha anga cha jeshi la Ureno. Ilikuwa mwaka 1917, katika Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia. Kikosi hicho kilitumia ndege za Kifaransa aina ya Farman F.40. Mabawa yake ya kitambaa yalipandana juu na chini, na injini ilifungwa nyuma ya rubani, ili mpelelezi aliyeketi mbele aione ardhi bila kizuizi.

Wareno walikabiliana na majeshi ya Ujerumani yaliyokuwa ng'ambo ya mto Ruvuma. Lakini Septemba mwaka huo huo, rubani Jorge Gorgulho alifariki dunia baada ya ndege yake kuanguka hapo hapo Mocímboa da Praia.

Pwani hii ilikuwa mtihani mgumu kwa ndege za zama hizo. Hewa yenye joto ni nyepesi, hivyo hupunguza nguvu ya injini na uwezo wa mabawa kuinua mzigo. Unyevunyevu nao huharibu mbao na gundi. Waingereza walikwisha kuyaona hayo mwaka 1915 walipoisaka manowari ya Kijerumani Königsberg, iliyojificha katika delta ya Rufiji. Ndege zao za Sopwith zilishindwa kupaa na mzigo kamili. Waingereza wakaleta katika kisiwa cha Mafia ndege za Henri Farman zenye kiunzi cha chuma. Tarehe 11 Julai 1915, rubani John Cull na mwenzake Harwood Arnold waliongoza mizinga ya meli za Uingereza kwa simu ya upepo, hadi Königsberg ikaangamia.

Cabo Delgado haikupata ushindi wa namna hiyo. Tarehe 25 Novemba 1917, Jenerali Paul von Lettow-Vorbeck alivuka Ruvuma na kuwashinda Wareno huko Ngomano. Jeshi lake lilikuja kwa miguu, na mizigo yake ilibebwa na wapagazi Waafrika. Ndege zilikuwa zimefika, lakini uzito wa vita bado ulikuwa mabegani mwa watu.