Jamia: Msikiti Ambao Mtaa Wake Umehama



Ndugu yangu msomaji, hebu nikuulize: umeswali Jamia mara ngapi? Mimi nasoma chuo huku Lower Kabete. Ramadhan napanda matatu hadi mjini niwahi Magharibi pale. Jioni moja nilikaa kwenye mstari wa futari, kushoto kwangu muuza viatu, kulia mwanafunzi wa kutoka Eastleigh. Nikajiuliza, huu ni msikiti wa mtaa gani? Maana sisi sote tuliokaa pale, hakuna anayelala karibu!

Jibu liko kwenye historia. Reli ilianzia Mombasa mwaka 1896, ikafika Nairobi 1899. Zaidi ya wafanyakazi 30,000 waliletwa kutoka India, wengi wao Wapunjabi, na Waislamu walikuwa wengi miongoni mwao. Karibu 2,500 walifia kazini. Baadhi ya waliobaki, pamoja na wafanyabiashara wenzao, wakafungua maduka kwenye bazaar. Mwaka 1902 tauni ikaingia, na wakubwa wa kikoloni wakaichoma bazaar moto. Mwaka huo huo Maulana Sayyid Abdullah Shah akaasisi msikiti. Fikiria, mji wenyewe ni mabati na matope! Jengo tunaloliona leo, lenye kuba tatu na minara miwili, lilijengwa kuanzia 1925 hadi 1933.

Siku hizo Jamia ilikuwa na mtaa. Watu wa bazaar waliishi juu na nyuma ya maduka yao. Adhana ikilia, mtu anafunga duka anavuka barabara.

Waislamu Waafrika je? Wakoloni waligawa mji kwa rangi. Wazee wetu waliishi vijiji kama Pangani, Mji wa Mombasa, Maskini, Kaburini, na hata Kileleshwa, hiyo hiyo ya maghorofa ya leo. Vijiji vikabomolewa kimoja kimoja, watu wakapelekwa Pumwani iliyoanzishwa miaka ya 1920. Pangani iliondolewa mwisho, 1939, na wengi wakahamia Shauri Moyo. Watu wakihamishwa namna hiyo, msikiti wao pia unabaki nyuma.

Baada ya uhuru mwaka 1963, mji ukafunguka kwa wote. Familia za bazaar nazo zikahama polepole, vyumba vya juu vikawa ofisi na stoo. Mtaa wa Jamia ukaondoka, msikiti ukabaki. Lakini tazama, safu hazikupungua! Zimejazwa na Msomali, Mswahili, Mnubi, Mkikuyu, Mhindi, wapita njia watupu.

Hapo ndipo penye mtihani, ndugu yangu. Msikiti wa mtaa hulindwa na jirani. Jirani anajua bomba lipi linavuja na mzee yupi hajaonekana tangu Ijumaa. Mpita njia husema, "Kamati ipo." Machi 2020 milango ilipofungwa kwa sababu ya korona, ndipo tulipojua kuwa ni petu.

Basi Ramadhan hii, ukimaliza futari usikimbilie matatu. Okota kokwa za tende, kunja mkeka, umuulize jina aliyekaa pembeni yako. Wala usisahau kumwombea dua aliyefia relini bila hata kuiona kuba moja.

Wabillahi tawfiq.