Nani Atangulie Kwenye Tange? Somo Kutoka Reli za India

Mwezi uliopita alinitembelea mwanafunzi wangu wa zamani, ambaye sasa ni ofisa katika halmashauri moja. Alikuja na nakala ya tange ya idara yake. Mtu aliyeajiriwa miaka mitatu baada yake alikuwa juu yake, kwa kuwa alipandishwa cheo mapema. "Mwalimu," aliniuliza, "miaka yangu mitatu imekwenda wapi?" Mimi si wakili, kwa hiyo sikumpa jibu la kisheria. Nilimsimulia habari ya magadi wa treni wa India, nami nairudia hapa kwa faida ya wengi.

Katiba ya India, iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950, iliiruhusu serikali katika ibara ya 16(4) kutenga nafasi za utumishi kwa jamii zilizoachwa nyuma. Miongoni mwa walengwa walikuwa Wadalit, ambao kwa karne nyingi walihesabiwa kuwa najisi. Je, ruhusa hiyo ilihusu kuajiriwa tu, au na kupanda cheo pia? Mwaka 1961, katika shauri la Rangachari lililotokana na Reli ya Kusini, Mahakama ya Juu ilijibu kwamba vyeo navyo vingeweza kutengwa.

Hapo ndipo ukubwa kazini ulipozua mgogoro. Tuchukue mfano wa magadi wawili. Wa kwanza aliajiriwa mapema. Wa pili, Mdalit, aliajiriwa baadaye, lakini nafasi iliyotengwa ikampandisha cheo kabla ya mwenzake. Baada ya miaka michache yule wa kwanza naye akafikia cheo hichohicho. Nani atangulie? Ukihesabu tangu kuajiriwa, ni wa kwanza. Ukihesabu tangu kushika cheo, ni wa pili. Na anayetangulia ndiye anayefikiriwa mwanzo cheo cha juu zaidi kinapokuwa wazi.

Mwaka 1992, katika shauri la Indra Sawhney, jopo la majaji tisa liliamua kwamba nafasi zitengwe katika kuajiri tu, na utaratibu wa kutenga vyeo uendelee kwa miaka 5 kisha ukome. Mwaka 1995 Bunge likajibu kwa badiliko la 77 la Katiba, likairejesha ruhusa ya kutenga vyeo. Oktoba mwaka huohuo, katika shauri la Virpal Singh Chauhan lililowahusu magadi wa reli, Mahakama ikatamka kwamba gadi wa kwanza akishapanda arudishiwe nafasi yake mbele ya wa pili. Mwaka 1997 jopo jingine likahukumu kinyume. Mwaka 1999 majaji watano, katika shauri la Ajit Singh kutoka Punjab, wakaithibitisha kanuni ya 1995. Bunge nalo halikunyamaza: kwa badiliko la 85, la mwaka 2001, aliyepandishwa kwa nafasi iliyotengwa hupanda pamoja na ukubwa wake, na nguvu ya badiliko hilo ikarudishwa nyuma hadi tarehe 17 Juni 1995.

Mwaka 2006, katika shauri la Nagaraj, Mahakama ililikubali badiliko hilo, lakini ikaitaka serikali ithibitishe kwa takwimu kwamba jamii husika haina uwakilishi wa kutosha. Jimbo la Karnataka lilionja uzito wa sharti hilo. Mwaka 2017 sheria yake ya 2002 ilibatilishwa kwa kukosa takwimu, na orodha za ukubwa kazini zikaamriwa kupitiwa upya. Jimbo likakusanya takwimu, likatunga sheria nyingine mwaka 2018, na Mahakama ikaikubali mwaka 2019.

Katika mvutano huo wote, kila gadi alikuwa na hoja ya kweli. Wa kwanza hakuubuni unajisi wa Wadalit, na utumishi wake ni wa halali. Wa pili hakuchelewa kwa hiari yake. Wazazi wake walizuiwa hata kuteka maji kisimani. Tarehe ya kuajiriwa huonekana kuwa namba tu, kumbe imebeba habari ya nani alifunguliwa mlango mapema.

Swali hili si geni kwetu. Baada ya uhuru, Tanganyika iliwapa Waafrika kipaumbele katika utumishi wa umma. Januari 1964 Mwalimu Nyerere akatangaza kwamba raia wote, wa asili yoyote, watendewe sawa katika ajira na vyeo. Tarehe 20 mwezi huohuo askari wa Colito waliasi, wakidai nyongeza ya mishahara na maofisa Waafrika badala ya Waingereza. Sidai kwamba tangazo lile ndilo lililoleta maasi. Nasema tu kwamba nani apande, na lini, lilikuwa swali linalowaka. Sisi tulilijibu kwa waraka, wenzetu wakalijibu mahakamani kwa zaidi ya nusu karne. Njia yao ilikuwa ndefu na ya kuchosha, lakini iliacha sababu zilizoandikwa, ambazo hata aliyeshindwa anaweza kuzisoma na kuzipinga.

Ndiyo maana nilimshauri mwanafunzi wangu asianze kwa kumchukia mwenzake. Aandike barua kwa mwajiri, aombe kwa heshima aelezwe ni kanuni ipi iliyotumika kuipanga tange ile. Mwajiri anayeweza kuitetea orodha yake hatashindwa kumjibu kwa maandishi.