Mfupa wa Ishango na hesabu za bonde la Semliki

Kutoka Bule, kwenye miinuko ya Djugu, ardhi inateremka upande wa mashariki hadi Ziwa Albert. Maji mengine ya ziwa hilo yametoka mbali: huletwa na mto Semliki kutoka Ziwa Edward, ukipita chini ya milima ya Ruwenzori upande wa magharibi. Mto unapochomoka Ziwa Edward, ndani ya mbuga ya Virunga, ndipo palipo Ishango. Hapo, mwaka 1950, ulifukuliwa mfupa mdogo ambao umewagombanisha wataalamu hadi leo.

Aliyeufukua alikuwa mwanajiolojia Mbelgiji, Jean de Heinzelin. Mfupa wenyewe una urefu wa sentimita 10 hivi, rangi ya kahawia iliyoiva, na kwenye ncha yake moja kimepachikwa kipande cha jiwe la kwatsi. Ungekuwa mpini tu, ungelala kabatini pamoja na vichwa vya vyusa vya wavuvi wa kale waliokaa hapo. Lakini una chale. Zimekatwa kwa safu tatu, na kila safu ina mafungu yake.

Safu moja ina mafungu ya chale 11, 13, 17 na 19. Ya pili ina 11, 21, 19 na 9. Ukizijumlisha, kila moja inafika 60. Safu ya tatu inaanza na 3 ikifuatwa na 6, kisha 4 na 8, kisha 10 na 5, halafu 5 na 7: jumla 48. Mtoto wa shule ataona upesi kwamba 3 imezidishwa mara mbili, 4 nayo hivyo hivyo, na 10 imegawanywa nusu. Ataona pia kwamba 11, 13, 17 na 19 ni namba tasa zote zilizo kati ya 10 na 20, yaani zile zisizogawanyika ila kwa 1 na kwa zenyewe.

Hapo ndipo moto ulipowaka. De Heinzelin aliandika mwaka 1962, katika jarida la Scientific American, kwamba huo huenda ulikuwa mchezo wa hesabu, tena wa watu waliohesabu kwa makumi. Mmarekani Alexander Marshack akaja na lake: kalenda ya mwezi, miezi sita ya kuandama kwake. Claudia Zaslavsky akauliza kama aliyechanja hakuwa mwanamke anayefuata siku zake. Mwaka 1999 Vladimir Pletser na Dirk Huylebrouck wakasema ni hesabu ya kumi na mbili, ile ya kidole gumba kupita pingili tatu za kila kimoja cha vidole vinne. Wengine wanasema chale zilikatwa ili mpini usiteleze mkononi, basi.

Umri nao ulisogea. Mwanzoni mfupa ulipewa umri mdogo zaidi; vipimo vya baadaye vikaufikisha karibu miaka 20,000. Kadiri ulivyozeeka ndivyo madai yalivyozidi kunona, hadi ukaitwa chanzo cha hisabati ya dunia.

Hapo shaka inafaa. Namba tasa hazina maana kwa asiyejua kugawanya, na mafungu manne ni machache mno kubeba nadharia nzima. Ukitafuta mpangilio katika namba 16 utaupata, hata kama aliyezikata hakuuweka. Kuhesabu kwenyewe ni rahisi zaidi kukubali: mafungu yametengana waziwazi, na mkono uliorudia 60 mara mbili si lazima uwe umebahatisha.

Ajabu ni kwamba karibu na Bule kuna hesabu isiyohitaji kubahatisha, kwa kuwa waliohesabu hivyo walisikika wakiitaja. Wangiti, yaani Walendu wa kusini huko Irumu, walikuwa na hesabu ya zamani iliyokwenda kwa nne nne, na 32 ndiyo ikawa kituo kikubwa kama vile 100 kwetu. Constance Kutsch Lojenga ameieleza katika sarufi yake ya Kingiti ya mwaka 1994. Wandaaka wa Mambasa, ambao lugha yao ni ya Kibantu, nao huhesabu kwa 32: 64 ni “32 mbili”, na 1024, yaani 32 mara 32, ina jina lake. Majirani wawili wa lugha zisizo na undugu, hesabu moja. Nani alimfunza nani, ni swali zuri kuliko lile la namba tasa, na bado wazee wangeweza kuulizwa.

Lakini kwa Wangiti hesabu hiyo imesukumwa kando na ile ya kumi ya shule. Mfupa wa Ishango nao upo Brussels, katika makumbusho ya sayansi asilia, nyuma ya kioo. Ishango ulitoka mfupa wa pili pia, uliofukuliwa mwaka 1959. De Heinzelin alikaa nao karibu miaka 40 kabla ya kuutangaza, akafariki mwaka 1998, na chale za mfupa huo sasa zina mabishano yake.